Uzi: Jean-Pierre Léaud, steringi wa Kifaransa aliyekulia ndani ya kamera

#1 Mzee wa Reli

Wakuu, habari za jioni.

Wiki iliyopita kuna mtu aliuliza humu watoto wanaocheza muvi huwa wanaishia wapi wakikua. Watu wakajaa na majina ya Hollywood tu: nani alikula unga, nani kafilisiwa na wazazi. Nikasema ngoja nilete mmoja wa Ulaya, ambaye kisa chake hakifanani na hao.

Anaitwa Jean-Pierre Léaud. Kazaliwa Paris, Mei 1944, vita bado haijaisha. Mama yake Jacqueline Pierreux alikuwa mwigizaji, baba yake Pierre Léaud alikuwa mwandishi wa sinema na msaidizi wa waongozaji. Kwa hiyo sinema ilikuwa nyumbani, ila yeye hakuwa nyumbani. Mwaka 1958, akiwa na miaka 14, yuko bweni huko Pontigny, kusini-mashariki mwa Paris, na mwalimu mkuu analalamika kwamba mtoto hashikiki.

Mwaka huohuo François Truffaut, kijana wa miaka 26, anatafuta mtoto wa kucheza muvi yake ndefu ya kwanza, Les Quatre Cents Coups. Truffaut alikuwa mhakiki wa sinema mwenye kalamu kali, kali kiasi kwamba tamasha la sinema la Cannes la 1958 lilimnyima kibali cha mwandishi. Katoa tangazo gazetini, France-Soir, watoto wakaja kwa mamia. Léaud naye akatokea, na majaribio yake bado yapo, mnaweza kuyaangalia. Dogo hana woga hata chembe. Anaeleza kwamba kasikia wanataka mtoto mwenye mdomo, basi ndiyo kaja. Yaani kajipigia debe mwenyewe mbele ya kamera kama konda wa daladala.

Ilikuwa anatafutwa mtoto wa kucheza utoto wa Truffaut mwenyewe. Maana Antoine Doinel wa kwenye muvi, anayetoroka shule, anayemdanganya mwalimu kwamba mama yake kafariki, anayeiba mashine ya taipu ofisini kwa baba na kukamatwa anapoirudisha, ametokana na maisha ya Truffaut, ambaye naye alishawekwa kizuizini cha watoto huko Villejuif. Lakini Léaud alivyoingia, uhusika ukaanza kuhama. Doinel akawa mchanganyiko wa watu wawili.

Naenda kula, narudi.

#2 Kachumbari ya Buguruni

Naweka kambi hapa. Mkeka, kahawa na kashata ninavyo.

#3 binti_pangani

Mzee wa Reli ukianzisha uzi halafu "naenda kula" tunajua ni kesho hiyo 😂

#4 Mzee wa Reli

Nimerudi, ulikuwa ugali tu.

Sehemu ninayotaka mkaiangalie hata kama hamtaangalia muvi nzima ni ile ya mwanasaikolojia. Doinel kafungwa kituo cha watoto watukutu, anahojiwa na mama mmoja ambaye hatumwoni kabisa, tunasikia sauti tu. Siku ya kupiga ile sehemu, Truffaut aliwatoa watu wote chumbani, akabaki yeye, mtoto na mpiga picha. Maswali akawa anauliza yeye. Majibu hayakuandikwa. Mtoto anajibu mwenyewe, anashika meza, anatabasamu kidogo anapoulizwa mambo ya wasichana, anaangalia chini. Sauti ya yule mwanasaikolojia iliwekwa baadaye. Hiyo ndiyo sababu unahisi kama umechungulia kitu kisichokuhusu.

Halafu mwisho wake. Wako kituoni wanacheza mpira, Doinel anapewa arushe. Anaurusha, mpira unaendelea, yeye anapenya chini ya uzio anakimbia. Anakimbia mno, kamera inamfuata bila haraka, mpaka baharini, kitu ambacho hajawahi kukiona maishani. Anaingia maji miguuni, anageuka, anatuangalia. Picha inaganda hapo. Basi.

Mei 1959 muvi ikaingia Cannes na Truffaut akapewa tuzo ya mwongozaji bora. Tamasha lilelile lililomfungia mlango mwaka mmoja nyuma! Léaud alikuwa hajafikisha miaka 15, na sura yake imejulikana dunia nzima ikiwa imeganda.

#5 Omosh wa Kayole

Hii uzi iko sawa sana. Lakini swali ya maana: pesa alilipwa nani, yeye ama mzazi? Huku kwetu mtoto akitokea kwa tangazo ya sabuni, kesho unaona baba na simu mpya.

#6 Mama Kayumba

Omosh 😂😂 umemgusa mtu.

#7 Dokta Ngoswe

Nimjibu Omosh kwa upande wa sheria, maana mwenye uzi atatupeleka tena baharini. Wafaransa walitunga sheria ya watoto wasanii miaka ya sitini, baada ya muvi hii. Mtoto chini ya miaka 16 hawezi kucheza muvi bila kibali cha serikali ya eneo, na kuna tume inayosoma skripti na kuangalia afya, saa za kazi na masomo. Sehemu kubwa ya malipo inawekwa kwenye mfuko wa serikali unaoitwa Caisse des Dépôts mpaka afikishe miaka 18, mzazi anaachiwa sehemu ndogo tu. Kwa hiyo huko simu mpya ya baba inakuwa ya bei ya kawaida.

#8 Omosh wa Kayole

Hapo sawa daktari. Hiyo sheria ingefaa hata huku.

#9 Mzee wa Reli

Asante Dokta. Sasa baada ya umaarufu. Shule ilimshinda, akafukuzwa. Truffaut akampokea kwake kwa muda, kisha akamsaidia kupata pa kuishi, na akawa anampa kazi ya usaidizi kwenye muvi zake. Jean-Luc Godard, mwongozaji mwingine rafiki wa Truffaut, naye akamchukua kama msaidizi. Wengi hawajui hili: Léaud alijifunza kazi akiwa nyuma ya kamera, anabeba vitu na kuangalia wakubwa wanavyofanya.

Na Truffaut hakumwacha Doinel afe pale ufukweni. Mwaka 1962 akamleta tena kwenye muvi fupi, Antoine et Colette, sasa ana miaka 17, anafanya kazi kiwanda cha sahani za santuri, anampenda binti ambaye hamtaki, lakini wazazi wa binti ndio wanampenda yeye! Mwaka 1968 Baisers volés: katimuliwa jeshini, mara mhudumu wa hoteli usiku, mara mpelelezi wa kulipwa asiyeweza hata kumfuata mtu bila kuonekana, mara muuza viatu, mara fundi wa televisheni. 1970 kaoa, Domicile conjugal, anauza maua aliyoyapaka rangi. 1979 L'Amour en fuite, talaka mahakamani.

Hesabuni. Miaka 20, muvi tano, mtu mmoja anakua mbele yetu, sauti inavunjika, ndevu zinaota. Hakuna kujipodoa uzee. Wakati huo nani mwingine Ulaya alifanyiwa hivyo?

#10 Kachumbari ya Buguruni

Kama ni hivyo Truffaut ndiye aliyekuwa na akili. Dogo kabebwa tu. Angeokota mtoto mwingine yeyote pale gazetini mambo yangekuwa yaleyale.

#11 Mzee wa Reli

Mkuu hapana, na ushahidi upo. Ungekuwa mbeleko wa mtu mmoja, waongozaji wengine wasingemtaka. Mwaka 1966 Godard alimpa Masculin féminin, na tamasha la sinema la Berlin likampa Dubu wa Fedha, tuzo ya mwigizaji bora wa kiume, akiwa na miaka 22. Mwaka uliofuata akacheza La Chinoise. Pasolini akamwita Italia, Porcile, 1969. Rivette akampa Out 1, dude la karibu saa kumi na tatu (siyo kosa la kuandika), ambamo anajifanya bubu kiziwi anayepita kwenye mikahawa na kinanda cha mdomo akiwasumbua watu mpaka wampe hela aondoke. Bertolucci akamweka kwenye Last Tango in Paris, 1972.

Na namna yake ya kucheza si ya kubebwa. Anaongea kama anasoma risala, mikono inapunga yenyewe, nywele anazirudisha nyuma kila sekunde tano. Kuna sehemu kwenye Baisers volés amesimama mbele ya kioo anarudia majina ya wanawake wawili, halafu jina lake, Antoine Doinel, Antoine Doinel, Antoine Doinel, haraka haraka mpaka maneno yanapoteza maana. Mwigizaji wa kawaida angeonekana kichaa. Yeye unamwamini.

#12 Mutu ya Matonge

Bandugu, salamu kutoka Bruxelles. Mtanisamehe Kiswahili changu cha Lubumbashi. Mwenye uzi umesahau Le Départ, ya 1967. Hiyo waliipigia huku, mitaa ya Bruxelles. Mwongozaji ni Jerzy Skolimowski, Mpolandi, Kifaransa hakijui. Léaud anacheza kijana wa saluni, msusi anayejifunza kazi, mwenye wazimu wa magari: anataka Porsche ya kuingia mashindano na hana pesa, basi anazunguka mji mzima kuitafuta. Ilipata Dubu wa Dhahabu, tuzo kubwa ya kule Berlin. Mie nimepita mitaa ile nikilinganisha, pengine mji umebadilika, pengine bado uko vilevile.

Na tena, alifika Afrika! Mwaka 1970 Glauber Rocha wa Brazili alipiga muvi Kongo-Brazzaville, jina lake limechanganya lugha tano makusudi, Der Leone Have Sept Cabezas. Yaani simba ana vichwa saba. Léaud yuko ndani, anacheza padri.

#13 binti_pangani

Léaud Brazzaville kavaa kanzu ya padri?? Hii sikuijua kabisa. Asante ndugu wa Matonge.

#14 Mzee wa Reli

Mutu ya Matonge umenipiga bao. Le Départ niliiacha kwa sababu ya urefu, hiyo ya Kongo niliisahau kabisa. Ni muvi ya kuukejeli ukoloni, na lugha zile tano ni za wakoloni wenyewe.

Twende 1973, mwaka wake mkubwa na mwaka mchungu. Muvi mbili kwa mpigo. Ya kwanza La Nuit américaine ya Truffaut, kuhusu watu wanaotengeneza muvi, Léaud kacheza mwigizaji kijana anayedeka, kila saa anauliza kama wanawake ni wachawi. Hiyo ikachukua Oscar ya muvi ya lugha ya kigeni. Ya pili ni La Maman et la Putain ya Jean Eustache, zaidi ya saa tatu na nusu, nyeusi na nyeupe, watu wanakaa vitandani na kwenye mikahawa wanaongea. Léaud anaongea, anaongea, anaongea. Ukidhani anabuni papo hapo, umekosea: Eustache aliandika kila neno na alitaka lisemwe kama lilivyo. Cannes waliipa tuzo kubwa ya jopo la waamuzi na wengine ukumbini wakazomea.

Mimi nikiulizwa kazi yake kubwa kuliko zote, ni hiyo. Doinel ni mtu unayempenda. Huyu wa Eustache anaitwa Alexandre, ni mvivu, mbinafsi, anaishi kwa pesa ya mwanamke, na huwezi kuacha kumsikiliza.

Uchungu sasa. Godard aliiona La Nuit américaine akamwandikia Truffaut barua ya kumwita mwongo. Truffaut akajibu kwa kurasa karibu ishirini. Urafiki ukafa hapo mpaka kaburini. Léaud alikuwa mtoto wa wote wawili kisanaa, na ugomvi wenyewe ulimpitia, kwa sababu ndani ya bahasha ile Godard alitia pia barua ya kumpelekea Léaud. Fikirieni wazazi wawili wanagombana na barua ya mtoto imo ndani ya bahasha hiyohiyo.

#15 Mama Kayumba

Mimi niseme kama mzazi. Kuna kitu kinanikera kwenye hizi habari za watoto wa sinema za Ulaya. Wote mnawasifia waongozaji. Huyo De Sica wa Bicycle Thieves, 1948, inasimuliwa ili yule mtoto Enzo Staiola alie, alimtilia vipande vya sigara mfukoni na kumsingizia kwamba anaviokota. Mtoto wa miaka minane! Na yule Björn Andrésen wa Sweden, aliyecheza Death in Venice ya Visconti akiwa na miaka 15, wakamtangaza kuwa mvulana mzuri kuliko wote duniani, halafu maisha yake yote akawa anakimbia hilo jina. Kafariki Oktoba 2025 na magazeti bado yakaandika jina hilohilo kwenye tanzia. Truffaut kama alimpokea huyo dogo nyumbani, heri yake. Lakini msiseme ndiyo kawaida.

#16 Dokta Ngoswe

Mama Kayumba hoja ina uzito. Ila niongeze kwamba Staiola alitoka salama. Alicheza chache baadaye, akaachana nazo, akawa mwalimu wa hisabati na baadaye mtumishi wa ofisi ya ardhi Roma. Kafariki Juni 2025 ana miaka 85. Pengine kutoka mapema ndiyo kulimwokoa.

Na kuna Ana Torrent wa Hispania. El espíritu de la colmena, 1973, ana miaka sita au saba, anaamini kweli kwamba yule jitu la Frankenstein lipo. Alichanganyikiwa mbona watu wanaitwa majina mengine, ndipo mwongozaji Víctor Erice akaamua wahusika waitwe majina ya waigizaji wenyewe. Miaka 50 baadaye, 2023, Erice akamwita tena kwenye Cerrar los ojos, mama mtu mzima, na akamrudisha kwenye maneno yaleyale: "Mimi ni Ana." Hapo mimi nililia, sioni haya kusema.

#17 Mzee wa Reli

Mama Kayumba, nakubali, na sitaki kumfanya Truffaut mtakatifu. Alimpa Léaud nyumba, lakini pia alimpa jina ambalo watu walimwita barabarani maisha yake yote. Truffaut alipofariki Oktoba 1984, uvimbe wa ubongo, miaka 52 tu, Léaud alikuwa na 40. Miaka iliyofuata ilikuwa mibaya kwake, kazi zikapungua, akili ikatetereka. Sitaingia huko ndani, ni mambo ya mtu.

Aliyemfufua ni Mfini, Aki Kaurismäki. Mwaka 1990 akampeleka London, I Hired a Contract Killer. Anacheza karani Mfaransa aliyefanya kazi mamlaka ya maji miaka 15, anapunguzwa kazini, anapewa saa ya zawadi mbovu. Anajaribu kujiua, hata hilo linamshinda. Anamlipa muuaji amuue. Kisha anapenda mtu, na muuaji yuko njiani! Mikono ile iliyokuwa inapunga miaka ya sitini sasa imetulia, uso umekuwa kama ukuta uliopigwa mvua.

Sasa sikilizeni hili, ndilo lililonifanya nianzishe uzi. Mwaka 2011 Kaurismäki akapiga Le Havre. Mtoto wa Gabon, Idrissa, katokea kwenye kontena bandarini, anataka kufika London kwa mama yake. Mzee mmoja mng'arisha viatu anamficha, mtaa mzima unasaidia, muuza mboga, mama wa mkate, wote. Isipokuwa jirani mmoja anayechungulia dirishani na kupiga simu polisi. Huyo jirani ni Léaud. Hana hata jina, kwenye orodha anaitwa mchongezi tu.

Mmeelewa kilichofanyika? Mji wa bahari, pwani ileile ya Normandie. Mtoto anayewakimbia polisi. Na anayemchongea ni yule mtoto wa 1959, amezeeka. Kaurismäki hasemi kitu, anaweka uso tu na kuondoka. Asiyemjua Léaud ataona mzee mbaya. Anayemjua anabaki mdomo wazi.

#18 Kachumbari ya Buguruni

Aisee. Nafuta kauli yangu ya kubebwa.

#19 binti_pangani

Nywele zimenisimama. Le Havre niliiona ikionyeshwa Alliance Française ya Dar, nikajiuliza yule mzee wa dirishani mbona wameweka sura ya maana hivyo kwa dakika mbili.

#20 Omosh wa Kayole

Na akakufa kwa muvi ama? Kwa sababu huku tulilelewa tukijua steringi hafi.

#21 Mzee wa Reli

Omosh umenifungulia mlango. Steringi hafi, lakini huyu alikufa saa nzima na dakika zaidi ya arobaini, tena kitandani. La Mort de Louis XIV, 2016, mwongozaji Albert Serra wa Catalunya. Mfalme wa Ufaransa, 1715, mguu umeoza, waganga wanazunguka wanabishana dawa, kila mtu anamsifu akimeza kijiko kimoja cha chakula. Muvi karibu yote iko chumba kimoja, mawigi makubwa kama kichaka, mishumaa. Katikati kuna dakika muziki wa Mozart unalia na yeye anaangalia kamera, hafanyi lolote. Mara ya kwanza alituangalia hivyo ana miaka 14, maji ya bahari miguuni.

Mwaka huohuo Cannes wakampa Palme d'Or, tuzo yao kubwa, ya heshima. Ukumbi ulisimama.

Mwaka uliofuata akacheza ya Mjapani Nobuhiro Suwa, Le Lion est mort ce soir, mwigizaji mzee anayekutana na watoto wanaotengeneza muvi yao ndani ya jumba bovu, wanamwingiza na yeye acheze. Jina la muvi ni la ule wimbo wa simba, Mbube, wa Solomon Linda wa Afrika Kusini, 1939. Kwa Kiingereza simba kalala, kwa Kifaransa simba kafa.

#22 Mutu ya Matonge

Simba tena! Wa Brazzaville alikuwa na vichwa saba, huyu kafa. Mzee na simba wana mambo yao.

#23 Mama Kayumba

Narudi kutoa ripoti. Jana usiku niliitafuta hiyo Les Quatre Cents Coups nikaangalia na mwanangu wa darasa la sita, namtafsiria maneno ya chini mpaka sauti ikakauka, nimejua sasa kazi ya maDJ wa muvi. Alipodanganya kwamba mama yake kafa, mwanangu alicheka mpaka nikamtazama vibaya. Ile ya kurudisha mashine akasema "sasa si angeitupa tu". Picha ilipoganda akadhani umeme umekatika. Kisha akaniuliza, "Mama, walimkamata?" Sikuwa na jibu. Mzee wa Reli, walimkamata?

#24 Mzee wa Reli

Walimkamata, mama. Inasemwa mwanzoni mwa ile fupi ya 1962: alirudishwa, tena kituo kikali zaidi. Kisha wakamwachia, akapata chumba chake Paris na kazi ya kiwanda cha santuri. Mwonyeshe hiyo, ni nusu saa tu, atalala mapema.